Kabla ya kumwita babu mtumwa

Swali: "Mwalimu, mimi ni kijana wa Kaptembwo hapa Nakuru, ila kwetu ni Gem, Siaya. Mwezi wa nne tulimzika nyanya, na ndani ya sanduku lake la bati tukakuta kipande, kile cheti cha kazi cha zama za ukoloni, cha baba mkwe wake, yaani baba ya babu yangu. Ni kikasha cha chuma chenye karatasi iliyokunjwa. Imeandikwa Njoro, 1928, shilingi 10. Mjomba akasema huo ulikuwa utumwa mtupu. Mzee mwingine akamkata: utumwa ni mambo ya pwani, huku kwetu hatukuujua. Mimi mwenyewe ni kibarua kwenye shamba la maua, na neno hilo la utumwa tunalitaja kila asubuhi tukingoja basi la kampuni. Nitajie vitabu. Kiswahili nakisoma vizuri, Kiingereza nacho sikiogopi."

Jibu: Pole sana kwa msiba wa nyanya, na asante kwa kutolitupa lile sanduku. Vipande vingi vya miaka hiyo vimeishia kwenye mizani ya wanunuzi wa vyuma kuukuu.

Nianze na mabishano ya matangani, maana kitabu utakachokishika kwanza kitategemea unavyoyaamua. Baba ya babu yako hakuwa mtumwa. Mtumwa alikuwa mali. Aliuzwa, alirithiwa, aliwekwa rehani, na watoto aliozaa na mtumwa mwenzake walikuwa wa bwana. Mzee wako alipotoka Gem kwenda Njoro hakuna aliyemuuza, na watoto aliowaacha nyumbani walikuwa wake. Alichofungwa nacho ni kitu kingine, na nusu ya kitu hicho umeishika mkononi: kodi na karatasi. Mjomba ana haki ya kukasirika. Lakini ukiita kila kazi ya dhuluma utumwa, huioni tena dhuluma yenyewe ilivyoundwa, msumari kwa msumari. Vitabu ninavyovipenda mimi katika somo hili ni vile vinavyosimama mlangoni, pale utumwa unapotoka na kazi ya mshahara inapoingia, na hao wawili wanapigana vikumbo kizingitini.

Mlango huo unaujua tayari, kwa kuwa jina lako la kazini limetoka hapo. Kibarua ni barua ndogo. Karne ya 19, Unguja na katika bandari za mrima, yaani pwani ya bara inayoelekea Unguja, mtumwa aliyeachiwa na bwana wake akatafute ujira kwa watu wengine, kubeba mizigo au kusafisha sandarusi, ule utomvu mgumu wa miti, kwenye maghala ya wafanyabiashara, aliitwa kibarua. Alipewa kijikaratasi cha kuonyesha kwamba amefanya kazi ya siku, na jioni alichopata aligawana na bwana. Kwa hiyo kabla ya kibarua kuwa mtu huru asiye na ajira ya kudumu, alikuwa mtumwa mwenye mshahara. Msimamizi wenu anaposoma majina ya vibarua alfajiri, ajue asijue, anatamka neno lililozaliwa katika mazingira hayo.

Kwa kuwa unasoma Kiswahili vizuri, anza na Adam Shafi wa Zanzibar. "Kasri ya Mwinyi Fuad" ya 1978 inakuingiza katika nyumba ya tajiri wa mashamba ya karafuu na kwa watu waliomtumikia, kabla ya mapinduzi ya 1964. "Kuli" ya 1979 inakupeleka bandarini, kwa makuli waliokuja kugoma mwaka 1948. Hizi ni riwaya, na mwandishi ana upande wake wala haufichi. Usizinukuu kama ushahidi. Mimi huwapa wanafunzi kwanza kwa sababu historia nyingi ya kazi imeandikwa kama ripoti ya bodi, mtu anaimaliza asijue gunia lilikuwa na uzito gani. Ukishasoma "Kuli" hutaona tena takwimu ya mahamali bila kuona mgongo wa mtu.

Halafu tafuta "Uhuru wa Watumwa" cha James Mbotela, kilichotoka 1934. Ni kijitabu, unakimaliza kwa siku mbili. Mbotela alitoka Freretown, kijiji kilichoanzishwa na wamisionari Wakristo miaka ya 1870 ng'ambo ya kisiwa cha Mombasa kwa ajili ya watumwa waliokombolewa, pale panapoitwa Kengeleni hadi leo. Anasimulia habari za watu wake mwenyewe: kukamatwa, safari, jahazi, manowari. Hicho ndicho kinachokifanya kitabu kuwa dhahabu. Kasoro yake unaiona ukurasa kwa ukurasa: Mwarabu ni shetani na Mwingereza ni mkombozi, hakuna wa katikati. Kumbuka tu kwamba mwaka kilipochapishwa, serikali ya wakombozi hao hao ilikuwa ikiwapeleka mahakamani watu wa Gem kwa kukutwa njiani bila kipande.

Nakumegea na hili, ingawa hukuliuliza. Marehemu Leonard Mambo Mbotela, aliyewauliza Wakenya redioni miaka na miaka "Je, huu ni ungwana?", alikuwa wa ukoo huo huo. Sisi tulidhani anauliza habari za adabu. Kumbe mwungwana, katika Kiswahili cha zamani, alikuwa mtu asiye mtumwa. Sina hakika kama kuna swali lililowahi kubeba mzigo mzito kwa sauti nyepesi kama lile.

Cha tatu kwa Kiswahili, na hiki ukikipata usikiazimishe mtu, ni "Wanawake Watatu wa Kiswahili", simulizi za maisha ya Bi Kaje, Mishi wa Abdala na Bi Shamsa wa Mombasa, zilizokusanywa na Sarah Mirza na Margaret Strobel. Bi Kaje alizaliwa katika ukoo wenye watumwa. Mishi alitoka upande wa pili, wa waliotumikishwa. Ukiwasoma mmoja baada ya mwingine unaona jambo ambalo wanaume wenye takwimu hulipita: sheria ikishafuta utumwa, nani anabaki kupika harusini, nani anakaa mkekani, nani anaitwa kwa jina lake tu bila jina la baba. Sheria yenyewe kwa pwani ya Kenya ilikuja mwaka 1907. Fidia ililipwa, na waliolipwa ni mabwana. Waliokuwa watumwa hawakupata senti wala ekari.

Sasa yule mzee wa pili. Hakukosea sana. Watumwa wengi wa mashamba ya Mombasa na Malindi walitoka kusini, pande za Ziwa Nyasa, wakapitia Kilwa. Misafara iliyopanda bara kutoka Mombasa ilifuata zaidi pembe za ndovu, na miaka ya 1880 ilikuwa ikipiga kambi kwa Wanga, hapo tunapopaita Mumias. Kwa hiyo ni kweli kwamba Nyanza haikukombwa watu kama ilivyokombwa Nyasa. Lakini muulize mzee huyo, kwa heshima, neno *misumba* katika Dholuo lina maana ngapi. Atakwambia kapera. Mbane kidogo, atakwambia pia mtu wa kutumikia boma la wengine, asiye na ndugu wa kumsimamia. Lugha haihifadhi neno la kitu isichokijua. Kulikuwa na mateka wa vita, kulikuwa na watoto waliowekwa kwa jirani mwaka wa njaa ili wapate kula na waliobaki nyumbani wapate nafaka. Upande wa Ukambani na Mlima Kenya, Charles Ambler ameandika vizuri juu ya rehani hizo za njaa katika kitabu chake cha 1988 kuhusu jamii za Kenya zama za kuingia kwa ukoloni. Huo ulikuwa utegemezi wa namna nyingi, mwingine ukiisha kwa kuoa au kuolewa, na ni makosa kuuweka kapu moja na shamba la karafuu. Ila "hatukuujua" ni neno kubwa mno.

Kitabu cha kukutoa pwani na kukuleta Njoro ni cha Frederick Cooper, "From Slaves to Squatters", 1980. Kina Kiingereza kigumu kidogo na mwandishi anapenda kubishana na wenzake kwa kurasa nyingi. Hizo ruka bila aibu. Swali lake ndilo swali la mjomba wako lililonyooshwa: serikali iliyofuta utumwa ilitaka karafuu na nafaka ziendelee kutoka, sasa mtu huru utamfanyaje aende shambani kwa mwingine kila siku, saa ile ile? Waliokuwa watumwa walijibu kwa miguu. Pwani ya Kenya wengi walikaa kwenye ardhi ya mabwana wa zamani wakalima chao, wakakataa kuwa wafanyakazi wa kengele. Wakaitwa maskwota. Neno hilo unalijua. Nakuru nzima inalijua.

Na hapo ndipo unapofungua Tabitha Kanogo, "Squatters and the Roots of Mau Mau", cha 1987. Kwa mtu anayeishi Nakuru, hiki ndicho kitabu. Ukikosa fedha za vyote, tafuta hiki. Kanogo alikaa na wazee waliokuwa maskwota Bonde la Ufa, wengi wao Wakikuyu, akaweka maneno yao mbele ya faili za serikali. Mwanzoni, anaonyesha, skwota alikuja na mbuzi na ng'ombe wake kwa hiari, maana mashamba ya Nakuru yalikuwa na nyasi zisizo na mwenyewe machoni pake, na setla, Mzungu mwenye shamba, hakuwa na pesa za kumlipa mtu. Wakapatana: wewe fanya kazi siku kadhaa, nami nitakuachia ulime na kulisha. Sheria ya 1918 ikasema siku hizo zisipungue 180 kwa mwaka. Baadaye setla akapata ng'ombe wa gredi, akataka nyasi zake. Mifugo ya skwota ikafagiwa, na wenyewe wakaipa operesheni hiyo jina moja tu: kifagio. Kwa sheria ya 1937 siku za kazi zikapandishwa mpaka 240, na kwingine 270. Soma sura ya kifagio polepole. Mtu aliyeingia na kundi la mbuzi akiwa na nguvu ya kusema hapana, anabaki na mikono yake miwili na mdomo wa kuomba. Hakuna siku hata moja aliyouzwa.

Mzee wako lakini, kwa kuwa ni mtu wa Gem na mkataba wake una mshahara wa mwezi, huenda hakuwa skwota. Yaelekea alikuwa mtu wa kandarasi, wale waliokwenda kwa miezi sita wakilala kwenye laini, safu za vibanda vya wafanyakazi shambani, wakarudi kulima, wakaenda tena. Kuhusu hao msome Sharon Stichter, "Migrant Labour in Kenya", 1982. Clayton na Savage nao wana buku kubwa la mwaka 1974 juu ya serikali na kazi katika Kenya, 1895 hadi 1963. Hilo si la kusoma mfululizo, ni la kufungua faharasa na kutafuta "kipande".

Tukifika kipande chenyewe, kifungue juu ya meza kavu na usiinyooshe karatasi kwa nguvu. Sheria yake ilipitishwa 1915, vita vikaichelewesha, ikaanza kutumika kwa nguvu 1919 na 1920: kila mwanamume Mwafrika wa miaka 16 na zaidi. Mzungu hakubeba, Mhindi hakubeba. Kikasha kilining'inizwa shingoni kwa kamba, na Wakikuyu wakakiita *mbugi*, kengele ya mbuzi. Juu utaona jina, kabila, wilaya, chifu, na alama za vidole. Chini kuna safu: mwajiri, aina ya kazi, mshahara, posho, tarehe ya kuanza, tarehe ya kuachwa, sahihi. Watu huangalia mshahara. Wewe angalia sahihi ya mwisho. Mwajiri asipotia sahihi kwamba amekuachilia, hakuna mwingine aliyeruhusiwa kukuchukua, na ukiondoka bila sahihi wewe ni mtoro kwa macho ya sheria, na alama za vidole zilikuwa Nairobi zikikusubiri. Mtoro, tazama tena neno. Pwani lilikuwa la mtumwa aliyekimbia bwana wake. Tangu sheria ya mabwana na watumishi ya 1906, kuacha kazi kabla ya mkataba kwisha lilikuwa kosa la jinai. Hapo mjomba wako anapata hoja, na ni hoja nzuri kuliko aliyoitumia.

Zile shilingi 10 nazo zihesabu hivi. Kodi ya kibanda mwaka huo ilikuwa shilingi 12, kwa kila nyumba. Mwenye wake wawili, kila mmoja na nyumba yake, alidaiwa 24. Na "mwezi" kwenye mikataba ya tikiti, ile kadi ya kuandikiwa kila siku ya kazi, ulikuwa siku 30 zilizofanywa kazi: Jumapili haimo, siku ya homa haimo, siku msimamizi akikataa kukuandika haimo. Mwezi mmoja wa karatasi ungeweza kula mwezi na nusu wa kalenda. Sasa piga hesabu ni miezi mingapi mzee alikuwa Njoro kabla senti ya kwanza haijawa yake.

Zile 12 zenyewe zilikuwa 16 kabla yake, na hapa jivunie kwenu. Desemba 1921 watu walikutana Lundha, pale pale Gem, wakaanzisha chama ambacho Wazungu walikiita Young Kavirondo Association na wenyewe wakakiita Piny Owacho, nchi imesema. Jonathan Okwiri, Benjamin Owuor na Simeon Nyende walikuwa mbele. Malalamiko yao yalikuwa kodi, kipande, mishahara iliyopunguzwa, kulazimishwa kazi, na nchi kugeuzwa koloni bila wao kuulizwa. Nairobi, Machi iliyofuata, Harry Thuku, aliyepinga kodi na kipande huko, akakamatwa na waliokwenda kumdai wakapigwa risasi. Mwaka huo wa 1922 kodi ikashushwa hadi 12. Kipande kikabaki mpaka mwisho wa miaka ya 1940, na jina lake halijatoka: mimi na wewe tukiulizwa kitambulisho barabarani bado tunasema "toa kipande".

Kuna mtu mmoja katika sanduku lile hujamtaja. Kipande kilikuwa cha mwanamume, na waliokitunza miaka yote hiyo ni wanawake. Mshahara wa shilingi 10 uliwezekana kwa sababu uliwekwa kama wa kapera. Chakula cha mke na watoto kilitoka kwenye jembe la mke. Kwa hiyo setla wa Njoro alikuwa akilimiwa na mtu ambaye hajawahi kumwona. Jean Hay aliandika makala mwaka 1976 juu ya wanawake Waluo na mabadiliko ya uchumi, akiwafuatilia wanawake wa Kowe: jembe jipya la chuma, mahindi meupe, muhogo, safari za sokoni, yote yakiingia wakati wanaume wamekwenda kandarasi. Baada yake soma "Siaya" cha David William Cohen na E. S. Atieno Odhiambo, 1989. Ni kitabu cha ajabu, kinazungukazunguka kama mzungumzaji mzuri wa jioni, na vijiji vyenu vimo.

Mengine nayataja haraka. "History of Kenya's Trade Union Movement" cha Makhan Singh, 1969, ni kikavu kama omena wa wiki mbili, lakini kimeandikwa na mtu aliyekaa kizuizini kutoka 1950 hadi 1961, na migomo imo kwa tarehe na madai yake. Kuhusu wapagazi wa vita vya kwanza, walioacha jina lao kwenye mtaa wa Kariokor, Nairobi, yuko Geoffrey Hodges. Wengi wao hawakufa kwa risasi, walikufa kwa kuhara na unga usioiva. Reli iliyofika Kisumu Desemba 1901 ilileta wafanyakazi karibu 32,000 kutoka India kwa mkataba, na karibu 2,500 walikufa. Kila mtoto wa shule anawajua simba wa Tsavo. Hao 2,500 muulize anayewajua.

Kuvipata: maktaba ya umma hapo Nakuru na hii yetu ya Kisumu zina baadhi, hasa vya Kiswahili. Cooper, Kanogo na Stichter jaribu Egerton huko Njoro, umbali wa nauli ya matatu tu, au Maseno ukija nyumbani. Nenda na barua ya kujitambulisha kutoka kwa mwalimu yeyote anayekufahamu, omba kusoma mle mle ndani, na uulize rafu za Afrikana, zile za vitabu kuhusu Afrika. Vya mitumba vinavyouzwa barabarani usividharau. Nakala yangu ya Kanogo niliitoa hapa Kisumu chini ya rundo la vitabu vya uhasibu.

Kabla ya vyote hivyo piga picha kipande, mbele na nyuma, mchana karibu na dirisha, bila flashi. Kisha nitumie ule upande wenye tarehe za kuachwa. Kama baada ya Njoro 1928 kuna pengo la mwaka bila sahihi, basi mzee wako aliondoka bila kuaga, na nitakuambia ni faili zipi za kuanza kutafuta Nairobi.